Kikohozi cha Kuomba Njia

Kabla sijaingia jikoni kumwokoa mke wa mwanangu, nilisimama mlangoni nikakohoa. Nyayo zake mbili zilionekana chini ya pazia, zimeelekea juu, kandambili moja imemtoka na kulala pembeni. Mtu amelala kwenye saruji saa tatu asubuhi, katika baridi ya Juni ya Mbalizi, na mimi, mzee mwenye akili zangu timamu, nikakohoa mara moja ili nipewe njia. Kisha nikangoja jibu. Habari za Jumamosi ile nimewasimulia watu wengi, na kila nikifika hapo kwenye kungoja huwa napapita haraka. Leo sitapapita.

Nianze na kikohozi chenyewe. Kwetu Unyakyusa mke wa mwana na baba wa mume hawaonani. Tunaita ukutila. Hawakutani njiani, hawali meza moja, hawatazamani, na mmoja akisikia mwenzake anakuja hujificha au hugeukia ukuta mpaka apite. Vijana wengi siku hizi wameliacha jambo hili, na wachungaji wamelihubiri vya kutosha. Nyumbani kwetu halikuachwa. Na aliyelishika kuliko sisi sote hakuwa Mnyakyusa hata kidogo. Verediana ni Mhehe wa Idodi, kwenye barabara ya kwenda mbugani Ruaha, binti wa Kikatoliki aliyelelewa na watu wanaokula na wakwe zao na kucheka nao. Mke wangu ndiye aliyemfundisha, mwezi mmoja kabla hajaolewa na Edmund wangu. Siku ya harusi nilikaa upande wa pili wa ukumbi, yeye kajifunika shela, na picha zote zikaishia kutundikwa chumbani kwao, ambako mimi sina ruhusa ya kukanyaga.

Mke wangu alipofariki, Edmund alinitoa Tukuyu akanileta kwake Mbalizi. Nyumba ina vyumba vitatu, sebule, na ukumbi mwembamba unaopita mbele ya jiko kwenda uani. Watu wawili wasioruhusiwa kuonana hawawezi kuishi humo bila utaratibu, na utaratibu ukajiunda wenyewe ndani ya wiki mbili. Nikitaka kutoka, nakohoa mara moja. Kukiwa kimya, njia ni nyeupe. Akiwa ukumbini au mlango wa jiko uko wazi, anakohoa mara mbili, nami nangoja. Kwa ujumbe mrefu tulimtumia paka. "Paka, mwambie baba uji uko mezani," ningemsikia nyuma ya pazia. "Paka, mwambie uji wa jana ulipungua sukari," nami ningejibu. Paka mwenyewe alikuwa amelala juani uani na hakuwahi kupeleka habari yoyote kwa mtu yeyote.

Miaka ishirini na tisa nilifanya kazi kwenye kibanda cha ishara, katika reli ya kwenda Zambia. Bendera, taa, nyundo ya kengele, ndivyo vilivyonilisha na kumsomesha Edmund. Kwa hiyo nilijiona fundi wa mambo haya. Nikikaa na wazee wenzangu sokoni niliwaambia kwa majigambo kwamba mimi na mke wa mwanangu tumekaa miaka miwili na nusu chini ya bati moja na hatujagongana hata mara moja. Wakatikisa vichwa kwa kunisifu. Mzee Jailos peke yake aliuliza, "Sasa ukimkuta sokoni utamjua?" Nikacheka. Wote tukacheka.

Ajali yenyewe ilianzia kwenye oveni. Edmund, ambaye huendesha lori na siku zile alikuwa njiani kutoka Dar es Salaam, alikuwa amemnunulia mkewe oveni ya umeme ili aoke keki za kuuza. Alhamisi Verediana alioka keki ya maboga. Keki ile haikuwa imeagizwa na mteja. Ilikuwa yangu, kwa sababu magego yangu yameniaga na mkate mkavu siuwezi. Unga ulikuwa mwingi kuliko bati, ukafura, ukamwagika chini ya oveni, na sukari ikaungua ikawa kama lami. Nilikula keki ile yote kwa siku moja na nusu. Ijumaa, oveni ilipowashwa tena, moshi mchungu ukajaa mpaka sebuleni, nami nikasema, kwa sauti ya kusikika, "Paka, uliza huko ndani kama tumefungua tanuri la kuchoma matofali."

Niliyasema kwa utani, naapa. Lakini sikuuona uso wa niliyekuwa nikimtania, hata nijue utani umepokewaje. Nilichosikia ni oveni kuzimwa, na mlango wake kufungwa taratibu.

Jumamosi asubuhi ukungu ulikuwa umeshuka mpaka kwenye mabati. Madirisha yote yalifungwa, na mlango wa uani ulizibwa kwa gunia chini ili upepo usipenye. Baada ya uji nilirudi chumbani kusikiliza redio. Nilisikia jikoni chuma kikisuguliwa, kwa muda mrefu, kikisuguliwa na kupumzishwa na kusuguliwa tena. Mtu anapambana na kitu kisichotaka kutoka. Baadaye kusugua kukakoma, kikasikika kitu kikimiminwa, na baada ya hapo kitu kingine kikamiminwa.

Nikataka kwenda uani. Nikasimama mlangoni pangu, nikakohoa mara moja.

Akakohoa mara mbili. Nikangoja, kama sheria inavyotaka. Akakohoa tena, mara tatu. Nikasema moyoni, haya, nimesikia. Nikakaa kitandani. Baada ya dakika hivi nikakohoa tena, na safari hii akanijibu kwa vikohozi vingi mfululizo, vizito, bila kupumzika, na mimi nikakasirika. Ndiyo, nilikasirika. Nikaona binti wa watu ameanza jeuri. Kwamba kwa sababu ya yale maneno yangu ya tanuri ananifungia njia ndani ya nyumba ya mwanangu, nami nina haja zangu. Nikaongeza sauti ya redio ili asikie kwamba nimekasirika.

Alikuwa anakufa, na mimi nikaongeza sauti ya redio.

Kisha kukawa kimya. Kwa utaratibu wetu kimya maana yake ni pita, na nilipokisikia nilifurahi. Nikazima redio, nikavaa koti, nikafungua mlango. Kule ukumbini harufu ikanipiga puani, kali, kama ya maji yale ya kuulia wadudu hospitalini, lakini hii ilikuwa na makali ya kukwangua koo. Macho yakaanza kunitoka machozi. Nikapiga hatua nne. Hapo ndipo nilipoziona nyayo.

Nimekwisha kusema nilifanya nini. Nilikohoa, nikangoja.

Sijui niliganda kwa muda gani. Nikijitetea husema ni sekunde mbili tatu. Kichwani mwangu ni muda wa treni ya mizigo kupita yote. Nilikuwa naona nyayo, naelewa kwamba ni nyayo, na mkono wangu haukubali kugusa pazia. Mwishowe niliposhika pazia nililing'oa pamoja na kamba yake. Edmund nilimwambia nililing'oa ili kupisha hewa. Uongo. Nililing'oa ili niizungushie mikono yangu, nisimguse ngozi. Hewa ya sumu imejaa, mtu hapumui vizuri, na mimi bado nakunja kitambaa.

Alikuwa amelala kifudifudi mbele ya oveni. Mlango wa oveni ulikuwa wazi na beseni dogo likiwa ndani, na humo mlikuwa na maji ya rangi ya kijanikijani yanayotoa mapovu. Nilivuta pumzi moja tu na kifua kikawaka moto. Nikabana pumzi, nikafungua mlango wa uani kwa teke, gunia likasukumwa nje, nikamshika chini ya makwapa kwa lile pazia nikamburuta. Nina miaka sabini na nne. Sikujua kama ninazo nguvu zile, na sidhani kama nimebaki nazo.

Bertha, jirani yetu, alikuwa akianika nguo upande wa pili wa ua. Aliruka michongoma bila kuuliza.

"Kala nini? Kala sumu?" akauliza.

"Sijui. Alikuwa anasafisha oveni."

Akachungulia jikoni, akarudi mbio akiwa ameziba pua kwa kitenge. "Kachanganya, mzee. Dawa ya klorini ya nguo nyeupe na ile tindikali ya chooni. Chupa zote mbili ziko pale chini zimefunguliwa. Mama yangu wee, kachanganya." Kisha akamgeuza Verediana, akamfungua vifungo vya blauzi iliyolowa ile dawa, na hapo akanitazama kama mtu aliyekumbuka jambo. "Mzee, geuka huko. Hajajisitiri huyu."

Nikageuka. Nikasimama nikitazama ukuta wa choo, nyuma yangu mwanamke akihangaika kumrudisha mwenzake duniani. Nikasikia maji yakimwagwa, nikasikia Bertha akimwita, "Vere, Vere, mama, vuta hewa, vuta." Nikasikia pumzi moja yenye mlio wa mlango mbovu, na nyingine, halafu kutapika. Bajaji ilipofika walimbeba akiwa amefunikwa kanga gubigubi. Bertha akapanda naye. Mimi nikafuata nyuma kwa pikipiki, nimevaa koti na ndara, bila fedha, bila kofia.

Hospitalini muuguzi wa mapokezi alikuwa na kalamu tayari. "Shikamoo, mzee. Jina la mgonjwa?"

"Marahaba. Verediana." Lilikuwa jina zito mdomoni. Sikuwahi kulitamka.

"Umri?"

"Yuko kwenye thelathini."

"Ana ujauzito? Ana pumu? Kuna dawa anatumia?"

Yote matatu sikuyajua. Akaniangalia. "Wewe ni nani yake?"

"Baba mkwe."

"Mnakaa pamoja?"

"Tunakaa nyumba moja," nikasema, na niliona wazi kwamba hilo halikuwa jibu la swali lake.

Daktari alikuja baadaye, kijana mwenye sauti ya upole. Alisema dawa zile mbili zikikutana hutoa hewa inayounguza mapafu, na kwamba watu wengi huzichanganya wakidhani nguvu mbili zitakuwa moja kubwa. Alisema chumba kilichofungwa kiliifanya hewa ile ikae. Wamemwekea oksijeni, na saa ishirini na nne za kwanza ndizo za kuogopa, kwa kuwa mapafu huweza kujaa maji hata mtu akionekana ametulia. Kisha akauliza, kwa kutaka kuandika tu, "Alikohoa kwa muda gani kabla hamjamtoa?"

"Kwa muda," nikasema.

"Dakika ngapi hivi?"

Nikamwambia labda kumi. Akaacha kuandika. "Mzee, hukumsikia?"

Nilimsikia. Hilo ndilo lililonitoa nje nikakae kwenye benchi la saruji, kwa sababu nisingeweza kumweleza daktari yule, Msukuma au Mhaya, sijui, kwamba nilimsikia vizuri sana na kila kikohozi nilikijibu. Alikuwa akiita msaada kwa sauti ileile ambayo sisi wawili tuliigeuza kuwa neno la kumfukuza mtu. Hata kama angepata pumzi ya kupiga kelele angeniita nani? Kwa desturi hawezi kuniita.

Edmund alipiga simu akiwa Makambako, lori limeharibika na fundi hajapatikana. Nilimweleza yote.

"Baba, kwa hiyo uliingia jikoni?"

"Niliingia."

"Ukamshika?"

"Edmund, mkeo yuko kwenye oksijeni."

"Najua, baba. Najua. Nimeuliza tu." Nikasikia malori mengine yakimpita. Halafu sauti yake ikavunjika, kijana wangu wa miaka thelathini na sita, akasema, "Mimi nilikuwa nafikiri ninyi mnaelewana."

Nikamwambia na mimi nilifikiri hivyo.

Adhuhuri waliniambia nirudi nyumbani, wodi ni ya wanawake na wagonjwa hawaonwi mpaka kesho. Bertha alikuwa ametangulia. Alifungua madirisha yote, akayamwaga maji ya beseni mbali kwenye mchanga akiwa amefunga kitambaa puani, na sakafu akaisuuza kwa maji mengi. Harufu ilikuwa imebaki kidogo tu. "Mugonile, taata," akanisalimu kwa Kinyakyusa, salamu ya asubuhi mchana kweupe, maana wote wawili tulikuwa tumechanganyikiwa. Nikamwuliza kama lile doa la oveni limetoka.

"Lile? Lipo palepale. Halikutoka hata robo."

"Linatolewaje?"

Akanitazama kuona kama natania. "Kwa magadi soda, mzee. Unachomoa waya wa umeme kwanza, unaacha ipoe kabisa. Unakoroga magadi na maji kidogo mpaka yawe kama uji mzito, unapaka juu ya doa ila hugusi zile nondo za moto, unaacha mpaka kesho yake. Kesho linakwanguka kwa mwiko wa mti. Hakuna moshi, hakuna harufu. Ni subira tu." Akaongeza taratibu, "Ningemwambia kama angeniuliza. Ila alisema ana haraka, kwamba baba analalamika nyumba inanuka."

Nilikwenda dukani nikanunua magadi soda.

Kwa miaka miwili na nusu sikuwahi kusimama ndani ya jiko lile. Nilidhani ni kubwa. Ni chumba cha hatua tatu kwa nne, chenye dirisha moja la kutosha kichwa. Nilichomoa waya, nikakoroga, nikapiga magoti mbele ya oveni na kupaka, na nilipotaka kuinuka nikashika ukuta, ndipo nilipokiona kigoda. Kiliwekwa kwenye kona, sahani moja na kikombe kimoja vikiwa sakafuni kando yake. Hapo ndipo alipokuwa akila. Ukuta wa kona ile upande wa pili ni sebule, na pale ndipo kilipo kiti changu na, nikiwa mezani, redio yangu. Juu ya kigoda, kwenye chokaa, usawa wa kichwa cha mtu aliyeketi, palikuwa na alama nyeusi ya mafuta ya nywele, ya mviringo, iliyokolea, ya kichwa kilichoegemea pale kila siku.

Kwa hiyo tulikula pamoja. Yeye alikuwa amekiegemeza kichwa chake upande wa pili wa mgongo wangu, akisikiliza taarifa ya habari ninayoisikiliza, akinisikia nikijisemea na nikilaumu sukari. Mimi sikujua kama anakula saa ngapi. Bertha alipoingia na kitambaa chenye sabuni akitaka kuisugua alama ile, nilimzuia kwa ukali nikamwambia aiache. Akashtuka. Nikamwomba radhi.

Jumapili asubuhi nilikwangua lile doa kwa mwiko. Lilitoka kwa vipande vikubwa, laini, bila taabu yoyote. Nilifuta kwa kitambaa kibichi mara tatu mpaka magadi yote yakaisha, na chuma kikabaki kinang'aa. Ilinichukua kama nusu saa. Nilikaa pale sakafuni na mwiko mkononi na kulia kwa hasira, kwa sababu kitu chenyewe kilikuwa rahisi hivyo.

Saa nane mchana nikaenda hospitali. Bertha alikuwa amepita tangu asubuhi akaacha matunda, akanipigia kusema Verediana ameamka na mapafu yamebaki makavu, daktari ameridhika. Niliingia wodini na wale ndugu wengine wenye vikapu. Vitanda vilikuwa kumi na viwili, sita kila upande. Muuguzi aliyekuwa mezani alikuwa mwingine, ndiyo kwanza ameingia zamu.

"Mgonjwa wako yupi, mzee?"

"Verediana."

"Majalada yako kwa daktari. Mtazame tu hapo, wapo wote."

Nikatazama. Wanawake kumi na wawili. Wazee nikawaondoa, na mmoja mwenye mtoto nikamwondoa, na mmoja aliyefungwa bendeji mguuni. Wakabaki watano, wote wa makamo yake, watatu wakiwa na mipira ya oksijeni puani. Nikasimama katikati ya wodi na kofia mkononi, jasho likinitoka katika baridi ile. Nilimjua kwa sauti, kwa hatua, kwa jinsi anavyoweka kifuniko cha sufuria. Uso wake sikuujua. Jana uani niligeuzwa ukutani, na jikoni alikuwa kifudifudi. Ndugu wa wagonjwa wengine walianza kunitazama. Nikamsogelea mmoja, mrefu, mwenye nywele zilizosukwa, nikamwita kwa sauti ya chini, "Mama, umeamkaje?"

"Siyo mimi, baba," akasema kwa upole, kama mtu aliyezoea wazee wanaopotea.

Nikaona aibu ambayo sijawahi kuiona. Nikageuka nitoke, nikamwambie muuguzi kwamba mimi baba mkwe simjui mkwe wangu, anisaidie. Hapo kwenye kitanda cha mwisho, karibu na dirisha, mkono ukainuka. Ukashika pindo la kanga, ukaivuta juu, ukaufunika uso wote, na mwili ukajigeuza taratibu kuelekea ukutani.

Kati ya wanawake wote wale, mmoja tu alikuwa ananificha uso.

Nilikwenda mpaka pale. Kanga ilikuwa ikipanda na kushuka juu ya mdomo wake, na mpira wa oksijeni umekunjwa chini yake. Desturi ilinitaka niondoke haraka, na yeye aliingoja desturi hiyo, mgongo wake ulionyesha hivyo. Nilifikiri ni nani sasa wa kuifuta. Mke wangu hayupo. Edmund yuko Makambako chini ya lori. Yeye hataweza kamwe, maana alifundishwa vizuri mno. Nikavuta kiti cha bati, kikapiga kelele sakafuni, nikakaa.

Akasikia nimekaa. Mabega yakakakamaa.

"Verediana," nikasema. "Usizibe pua. Vuta hewa."

Hakuteremsha kanga, lakini vidole vikaisogeza kidogo, ikaacha nafasi ya mpira. Nilikuwa nimepanga maneno njiani, ya redio, ya tanuri la matofali, ya zile dakika kumi, na yote yalinikwama. Mwishowe yeye ndiye aliyesema, akiwa bado amenipa kisogo, kwa sauti iliyokwaruzwa hata nikalazimika kuinama ili niisikie.

"Baba, umekula?"

Nilikuwa sijala tangu uji wa Jumamosi. Nilitaka kusema nimekula, ili atulie alale. Nilitazama nje ya dirisha, nikatazama mikono yangu yenye weupe wa magadi kwenye kucha.

"Bado, mwanangu," nikasema.

Kanga ikatulia. Kisha mkono wake ukatoka nyuma yake, ukapapasa juu ya kikabati cha kando ya kitanda, ukapita kikombe, ukapita chupa ya maji, ukafika kwenye matunda ya Bertha. Ukachagua ndizi moja, iliyoiva sana, ukaminya kuona kama ni laini. Ukainyoosha nyuma kwangu, uso bado umefunikwa, ukangoja.

Nikaipokea kwa mikono miwili.